Mdachi wa Nyuma ya Pazia

Juzi kule Mabela mjukuu wangu alikuwa akitazama harusi ya binamu yake kwenye simu. Akagusa kioo kwa kidole, picha ikaganda, akaniuliza yule aliyesimama nyuma ni nani. Machozi yalinitoka, mtu mzima mimi, kwa sababu ya kidole tu. Basi kaa nikwambie.

Tulihamia Matrah, ng'ambo kwa Waarabu, mwaka ule wa mapinduzi ya Unguja, mimi, mama na bibi mzaa mama. Mjomba, mwana wa kiume pekee wa bibi, alibaki Unguja na habari zake zikakatika. Picha yake hatukuwa nayo hata moja, maana tulitoka na nguo tulizovaa. Nyumba yetu ilinuka papa mkavu wa Qurayyat, na kila alasiri mimi nilichota maji kisimani huku nikinung'unika. Bibi akipepeta mchele alizoea kusema, "Milima ndiyo haikutani." Neno la pili hakulimalizia.

Jirani yetu alikuwa mkalimani wa watu wa mafuta. Siku moja alituletea habari za mgeni wao, Mjerumani, ambaye bibi alimwita Mdachi kama wazee wote. Kazi yake ilikuwa kupiga picha za sinema. Ujanani alipiga picha za theluji kwao, vita vikamzoa yeye na kamera yake, kisha akakaa miaka Tanganyika akiwaandama simba na nyumbu, na huko ndiko alikojifunza Kiswahili. Sasa kaletwa apige picha visima vya mafuta. Mizigoni mwake alikuwa na filamu ya Idd ya Unguja, aliyoipiga kabla ya mapinduzi. Wakubwa wake waliikataa, ati haina kisa.

Bibi aliposikia hayo hakutulia. Akapika mkate wa kumimina, akawaita wanawake wenzetu wa Unguja, akaziba madirisha kwa mablanketi. Mdachi hakuingia chumbani, angeingiaje? Alikaa ukumbini na mashine yake, jenereta ikinguruma uani, na mwanga ukapita kwenye tundu la pazia hadi ukutani kwetu.

Pakatokea uwanja wa sikukuu, bembea, na watoto na nguo zao mpya. Sauti haikuwapo. Wanawake wakacheka, wakalia. Mara kundi la wanaume wenye kanzu likageuka, likatukodolea macho.

"Ee! Wanatutazama hawa!" mke wa jirani akapiga ukelele, na chumba kizima kikajifunika kanga gubigubi. Mpaka leo nikikumbuka nacheka. Bibi naye alijifunika. Kisha taratibu akaufunua uso wake wote. Mama akamtazama, akautazama ukuta, akafunua na yeye. Hapo nikajua mjomba yumo.

"Mwanangu, nnakuomba, msimamishe!" bibi akamwambia Mdachi.

"Mama, nikisimamisha filamu, taa ya mashine itamchoma," akajibu kutoka nyuma ya pazia.

Akairudisha filamu, mjomba akapita tena. Akairudisha tena, na tena. Mwisho Mdachi akasema atatia mkasi, ampe bibi kile kipande, akikiinua kwenye mwanga atamwona mwanawe. Filamu yake mwenyewe, alitaka kuikata!

Bibi akashtuka. "La, usimkate. Hatujui alipo, hatujui yu hali gani. Usimkate mwanangu."

Mdachi aliahidi kututumia picha kutoka kwao. Haikuja. Tulisikia baadaye kwamba macho yalimharibikia akaacha kazi, na filamu zake sijui ziliishia wapi. Bibi alifariki kabla njia ya Unguja haijafunguka, na mjomba hatukumsikia tena. Kile kisima nilichochota maji kimefukiwa.

Mjukuu wangu ananiuliza mjomba alikuwa na sura gani. Sijui, mwanangu. Kila alipopita ukutani, mimi nilikuwa nikiutazama uso wa bibi.