Mwako wa Wamucii

Mwaka ule mvua ilikuwa imetunyima, na stima za Nairobi zikawa za zamu. Leo Waithaka ina giza, kesho Woodley. Aliyebaki na mwako nyumbani alionekana tajiri.

Mwako haukula makaa wala mafuta ya taa. Ulikula habari zake wenyewe. Ulikaa ndani ya chungu, kitu chekundu kama kaa moja, na ukiuambia ukweli kuhusu hali yake, uliongezeka. Ukizitia chumvi habari hizo, ulififia. Kazi ilikuwa hapo. Ukisema "unawaka kidogo," tayari umeupa nguvu, hauwaki kidogo tena, na maneno yako yamegeuka uongo mdomoni. Lazima upate mengine upesi. Ndiyo maana nyumba nyingi za Dagoretti ziliacha miako yao ikafa. Binadamu tunapenda kusifu.

Wamucii, mama yake Dan, hakuwa mtu wa sifa. Mwako wake aliachiwa na mamake, na ndio aliotumia kupigia watu pasi kule Woodley. Aliweka pasi ya chuma juu ya chungu, macho ndani, huku akinong'ona, "Umekuwa rangi ya karoti. Umeipita. Sasa unakaribia nyanya." Mashati yaliyopita mikononi mwake yalinyooka hata mwenye nguo akaona haya kuyavaa.

Kanisani alishuhudia vivyo hivyo. "Bwana asifiwe. Wiki hii nimefanya kazi siku tano. Mguu unauma. Amina."

"Mama Dan," mzee Dedan alimtania siku moja mbele ya watu, "wewe ukishuhudia, hata malaika wanapiga miayo!"

Kanisa likacheka. Yeye pia alicheka, maana ilikuwa kweli.

Julai, asubuhi ya baridi ile ya kung'ata masikio, jirani yake Shiku alijifungua kabla ya miezi kutimia. Mtoto alikuwa mdogo kama pakiti ya unga. Nesi Selpher, mwenye kliniki, alimlaza kwenye kisanduku cha kioo chenye joto, na saa nne stima zikaenda. Wachira, baba mtoto, alitoka mbio kutafuta gari la kuwapeleka hospitali kubwa. Selpher akamfunga mtoto kifuani pa mamake, akaagiza, "Niitieni Mama Dan. Aje na chungu."

Wamucii alikuja, akapiga magoti, akaanza kunong'ona. Chumba kikapata joto. Lakini habari zilikuwa zimeenea, na akina mama wa kanisa wakafika wakiongozwa na mzee Dedan mwenyewe, na sauti yake ile ya kutikisa mabati.

"Moto wa ajabu! Unawaka kama jua!" akanguruma.

"Hauzimiki kamwe!" wakaitikia akina mama.

Walikuwa na upendo, jamani. Hawakujua kuwa sifa zao zinauzima. Wamucii aliona wekundu ukirudi nyuma, kingo zikawa jivu. Selpher akashika nyayo za mtoto. "Miguu inapoa," akasema.

Wamucii alijua neno linalotakiwa. Lakini kanisani kwao, mbele ya mgonjwa hutamki mauti. Unakiri uzima mpaka uje. Shiku alikuwa anamtazama machoni.

"Mama Dan, usiseme," Dedan akamwonya, sauti imeshuka. "Usitamke kifo hapa."

"Samahani, mzee wangu. Bwana hachukii ukweli." Akainamia chungu. "Unazimika."

Akina mama wakaziba midomo.

"Unazimika. Umebaki kama punje ya harage. Tumekudanganya, na ukafifia." Punje ikatetemeka. "Sasa ni punje mbili. Upande wa kulia bado jivu. Jivu limepasuka katikati. Nakuambia, na wewe unaongezeka kwa sababu nakuambia."

Aliendelea hivyo, hakuruka hata wekundu mmoja, mpaka saa saba, Wachira alipofika na pikapu ya kubebea nyama aliyoiazima kichinjioni. Wakapakia mama, mtoto, nesi na chungu. Dedan akapanda pia, akakinga upepo kwa koti lake.

Njiani, karibu na Woodley, sauti ya Wamucii ikakauka kabisa. Akamgusa Dedan bega, akaelekeza chungu.

"Mimi? Niseme nini?"

"Unachokiona," akakoroma. "Hicho tu."

Mzee akainamia chungu. "Una... una rangi ya nyanya. Ya nyanya isiyoiva vizuri. Huku kushoto ni hafifu." Chungu kikang'aa, naye akaruka. "Ai! Si hafifu tena! Umenichoma kidole!"

Shiku akacheka kwa mara ya kwanza siku ile. Walipofika, nyayo za mtoto zilikuwa na joto, na ndani kulikuwa na stima.

Kesho yake Wamucii alikuwa Woodley kama kawaida, mashati ya watu yakimngoja. Akaweka pasi juu ya chungu. Sauti ilikuwa bado ya chura.

"Jana ulimpasha joto mtoto wa Shiku," akauambia. "Hajapewa jina. Leo amenyonya. Mikononi mwa Dedan uliwaka, lakini ulimchoma."

Akalowesha kidole ulimini, akagusa pasi. Ikalia chss. Akavuta shati la kwanza.