Akiru Hakuamka Kwenye Pazia

Nilipokuwa mtoto Malaba, nyanya yetu, tuliyemwita tata kama Wateso wengine, alikuwa na mwiko mmoja asioutania: mtu haigizi kufa. Aliyejilaza na kufumba macho kwa mchezo alimwagiwa maji, aamke watu wote wakimwona. Asipoonekana akiamka, tata alisema, watu wake watamkosa angali hai.

Miaka hiyo kulikuwa na vita ng'ambo, Uganda, na wakimbizi walijaa kwetu. Kipindupindu kikaingia. Ndipo lilipokuja gari la sinema ya afya, na bwana mmoja mpole mwenye kamera akamwomba mama, muuza uji wa madereva wa malori, dada yangu Akiru aigize mtoto mgonjwa, na yeye mwenyewe amlilie.

"Huyo halali chini," tata alisema.

"Mama, atalala kidogo tu," bwana alimjibu. "Halafu atapewa maji ya sukari na chumvi, aamke. Watu wote wataona ameamka. Hiyo nakuahidi."

Na kweli aliamka. Nilikuwepo. Alikunywa, akaketi, akacheka, akaomba mengine kwa utamu wa sukari, na kamera ikimtazama. Tata akaridhika.

Miezi kadhaa baadaye sinema ilionyeshwa uwanja wa soko, kwenye pazia jeupe. Akiru akalala. Mama akalia. Halafu likaja kaburi bichi, la nani sijui mpaka leo, na sauti ikasema mtoto huyu aliuawa na uchafu wa kwao. Picha ikaishia hapo.

Mama alimfuata yule bwana. "Mbona hujaonyesha akiamka?"

"Mama, mtoto akipona watu hawaogopi," alisema, huku akikunja pazia.

Uji wa mama ukakosa wanunuzi. Watoto walimkimbia Akiru wakisema ni maiti, na watu wazima waliomjua vizuri wakampisha njiani. Mwishowe mama alimpeleka kwa dada yake Butula, ambako sinema ile haikufika.

Inaniuma kwamba dawa yenyewe, sukari na chumvi, ilikuwa kwenye kipande walichokitupa. Tata aliwaomba kitu kimoja tu, wakamdanganya mchana kweupe. Sijawasamehe.

Akiru ana watoto wake sasa. Akija kwetu huketi karibu na mlango, na chai ikiwa bado moto huuliza kama magari ya Butula yapo. Tangu apelekwe, hajalala nyumbani hata mara moja.