Malori ya Shelui

Wafanyabiashara binafsi waliporuhusiwa kununua mazao, malori yalijaa Shelui. Niliyahesabu kila siku, nikaandika daftarini kwamba uchumi unapanda. Kwa kuamini hivyo niliuza mtama wetu wote, nikijua tutanunua mwingine kwa bei nafuu. Mnunuzi hakunidanganya, alilipa alichosema.

Nilimsomea mke wangu daftari.

"Baba watoto, hayo malori yanapakia nini?"

"Kuku. Matenga kwa matenga."

"Majogoo au mitetea?"

Sikuwa nimeangalia.

"Mtu akiuza jogoo, anataka sukari. Akiuza mtetea anayetaga, ujue ghala lake limekwisha. Na wewe unaandika neema!"

Nilikwenda barabarani kuchungulia matenga. Yalikuwa na mitetea mitupu. Nikamkimbilia yule mnunuzi nikamwamkia shikamoo, ingawa ni mdogo kwangu kwa miaka mingi, nikamwomba aniuzie tena hata gunia moja.

"Marahaba," akaitikia, akaona haya. "Mzee, mtama wako umeshapanda mlima wa Sekenke, umekwenda mbali. Hata mimi sina wa kula."

Naamini alisema kweli. Nilirudi mikono mitupu, nikasimama nje, nikisikia watoto wakicheka ndani, nikashindwa kubisha hodi kwangu mwenyewe.