Korongo Linaanzia Chini

Mimi ni mmoja wa watu wachache huku Njombe wanaojua jinsi sakafu ya bahari ilivyo, na sijui kuogelea. Nilipokuwa mwaka wa tatu chuo kikuu, nikisomea miamba, nilipangiwa wiki mbili kwenye meli ya utafiti iliyokuwa ikipima kina kusini mwa pwani yetu. Wiki ya kwanza nilitapika. Wiki ya pili nilikaa mbele ya skrini na sweta langu la Njombe, maana chumba cha kompyuta kilikuwa na kiyoyozi kikali, na kwa mara ya kwanza melini nikajisikia nyumbani.

Meli ilituma sauti chini, sauti ikagonga sakafu na kurudi, kompyuta ikageuza muda wa kurudi kuwa rangi. Nyekundu palipo na kina kifupi, bluu palipo na kina kirefu. Nilichojifunza kwanza ni kwamba bara haliishii ufukweni. Linaendelea chini ya maji kama uwanja mpana unaoinama kidogo tu, halafu mahali fulani uwanja unakatika na kuanza kushuka kwelikweli kuelekea kilindini. Kwenye mteremko huo niliona makorongo. Yalikuwa na kingo, matawi na kona kama makorongo ya kwetu, ila moja tu lingeweza kumeza bonde letu zima na milima yake yote miwili.

Mtaalamu aliyetusimamia, mama mmoja mkali aliyekunywa chai bila sukari, alinionyesha mojawapo kwa ncha ya kalamu.

"Hili limeanzia wapi?"

"Juu, mama. Kwenye mdomo wa mto."

"Nionyeshe huo mto."

Nikatafuta. Juu ya korongo kulikuwa na uwanja mtupu wa rangi ya chungwa. Hapakuwa na mto wala dalili ya mto.

Akanieleza bila haraka. Yapo makorongo yaliyochimbwa na mito, zamani bahari ilipokuwa imeshuka na mito ikalazimika kupita juu ya huo uwanja hadi ukingoni. Lakini mengine hayajawahi kuuona mto. Hayo huanzia chini. Tope lililolala kwenye mteremko linazidiwa na uzito wake, linaporomoka, linaacha jeraha dogo. Ukingo wa juu wa jeraha unabaki wima bila kitu cha kuuegemeza, nao unaporomoka. Kisha ukingo mpya, nao hivyo hivyo. Korongo linapanda mteremko likirudi nyuma, mpaka linafika kwenye uwanja na kuanza kuukata. Na kila poromoko linachanganya tope na maji, na maji yenye tope ni mazito kuliko maji maangavu, kwa hiyo yanateremka chini ya bahari kama mto ndani ya maji, yakisugua njia na kuichimba zaidi, hadi yanapofika kilindini na kumwaga mzigo wao, ambao unatandaa kama unga uliomwagika sakafuni.

"Kwa hiyo ukitaka kujua litakwenda wapi," alisema, "usitazame juu. Tazama kilichoondolewa chini."

Niliandika sentensi hiyo kwenye daftari na kuipigia mistari miwili. Nilipata alama nzuri kwa ajili yake. Halafu nikaishi miaka zaidi ya ishirini bila kuihitaji: nilifundisha kidogo, nilihariri vitabu vya shule, niliandika makala za magazeti kuhusu mambo ambayo hakuna aliyeniuliza. Mke wangu alihamishiwa Dodoma kikazi, na hakurudi. Watoto wakamfuata kwa ajili ya shule. Mimi nikarudi kwenye nyumba ya marehemu baba, nje kidogo ya mji wa Njombe, nikisema nakuja kuandika kitabu.

Jirani yangu wa pekee wa karibu alikuwa shangazi, dada yake baba. Nyumba yake ilikuwa ng'ambo ya bonde, juu ya mteremko, na jiko lake la miti na udongo likiwa nyuma ya nyumba, upande wa bondeni. Asubuhi za Juni ukungu ulipokuwa umefunika kila kitu, nilijua kumekucha kwake kwa harufu ya moshi. Ukungu ukitoka, alisimama mlangoni pa jiko na kupaza sauti.

"Kamwene! Umeamka, msomi?"

"Kamwene, shangazi! Nimeamka!"

"Basi njoo unywe uji. Hicho kitabu hakiliwi."

Siku nyingi hiyo ndiyo sauti pekee ya mtu niliyoisikia ikinielekea mimi.

Bondeni, kati ya nyumba zetu, kuna vinyungu vya ukoo, yaani bustani za kiangazi. Mvua zikiisha, mlima ukakauka, watu wa huku hushuka bondeni palipo na unyevu, wakainua matuta na kuchimba mifereji kati yake ili maji ya ziada yatoke. Wanawake wa bonde letu wana namna yao ya kuchimba mfereji mkuu. Wanachimba udongo mweusi peke yake, wakifika kwenye udongo mweupe wanaacha. Na mwisho wa mfereji, pale bonde linapoinama kuelekea kijito, wanaacha kizingiti cha udongo na majani ambacho hakuna anayekigusa. Maji yanakipanda polepole na kumwagikia upande wa pili.

Kiangazi cha pili tangu nirudi, niliomba kinyungu nami nilime viazi. Nilipokiona kile kizingiti, nilikiona uzembe.

"Shangazi, mbona mmeziba hapa? Maji yanasimama, viazi vitaoza."

"Ndivyo tulivyopakuta."

"Lakini sababu ni nini?"

"Wewe nawe. Sababu ni kwamba mama yangu angenichapa."

Hilo halikuwa jibu la kumtosha mtu mwenye shahada. Siku tatu mfululizo, shangazi akiwa kwenye mafunzo ya wanawake kanisani, nilikiondoa kizingiti chote, nikashusha mfereji ndani ya udongo mweupe hadi usawa wa kijito. Nilikuwa nikipiga mluzi. Maji yalitoka kwa kishindo, kinyungu kikakauka vizuri, na viazi vyangu vilikuwa vikubwa kiasi kwamba niliwapigia watoto picha. Walinijibu kwa vile vikatuni vya kupiga makofi.

Mvua za Novemba zilipokuja, pale kizingiti kilipokuwa pakatokea kangazi kadogo, kimo cha kikombe cha chai. Maji yaliruka hapo na kuchimba chini yake. Wiki iliyofuata ngazi ilikuwa imerudi nyuma hatua tano na kimo chake kimefika gotini. Kufikia Februari ilikuwa imetoka kwenye mfereji na kuanza kupanda mteremko upande wa shangazi, ikimeza matuta, ikitema tope kijitoni. Nikasimama ukingoni na mwavuli, nikaitazama ikimomonyoka mbele ya miguu yangu, na nikaikumbuka ile kalamu kwenye skrini.

Ningemwambia siku ile ile. Nilipanda kwake nikiwa na nia hiyo. Nikamkuta amefura kwa hasira.

"Umeona? Umeona trekta la yule mtu lilivyotuharibia?"

Yule mtu ni jirani wa juu mlimani, mwenye mashine ya kupasulia mbao. Trekta lake huburuta magogo kwa njia inayopita juu ya shamba la shangazi, na magurudumu yameacha mitaro miwili. Ilikuwa sababu inayoingia akilini. Mtu yeyote aliyetazama juu angeiamini.

"Inawezekana," nilisema.

Neno moja. Nililisema kwa sauti ya kitaalamu, sauti ile ninayotumia kwenye makala.

Mvua zikaisha, zikaja nyingine. Nilifanya niwezavyo. Nilipanga mawe kwenye mdomo wa korongo, nikapigilia vigingi vya mianzi, nikapanda majani ya tembo, nikajaza mchanga kwenye viroba. Shangazi alikaa mlangoni pa jiko akichambua maharage na kunisimanga.

"Wanao wa Dodoma wanajua baba yao siku hizi ni fundi wa mashimo?"

"Nitalizuia, shangazi."

"Lizuie basi. Limeshakula parachichi langu."

Asubuhi moja tulikuta mdomo wa korongo umejazwa mabanzi, mzigo mzima wa yale maganda ya magogo yanayobaki baada ya kupasua mbao. Nilidhani ameyanunua yeye. Yeye alidhani ni mimi. Mvua mbili tu, yakaenda yote. Nilijua njia yake: kijito, mto, mto mkubwa zaidi, kisha Rufiji na bahari. Huenda chembe fulani ya shamba la shangazi itafika siku moja kwenye ukingo ule niliouona kwenye skrini, nayo iporomoke. Ilikuwa fikra nzuri ya makala. Sikuiandika.

Mwishoni mwa mvua, korongo lilikuwa hatua kumi na nne kutoka jikoni. Ndipo binti yake alipopanda kutoka Makambako, anakouza vipuri vya pikipiki karibu na njia panda. Alikuja na pikapu.

"Mama anahamia kwangu," aliniambia. "Nina chumba nyuma ya duka."

"Siendi kokote," shangazi akasema. "Makambako kuna vumbi na malori. Nikapige chafya mpaka nife?"

Walibishana kwa Kibena kwa muda mrefu. Mwishowe shangazi akanigeukia.

"Wewe ndiye umesomea mambo haya. Mimi nitafuata utakalosema. Litafika jikoni au halitafika?"

Binti yake alinitazama. Nilijua kwamba nikisema halitafika, shangazi angebaki. Kesho angesimama pale mlangoni na kuniita nikanywe uji, na kesho kutwa pia, pengine mpaka Novemba.

"Litafika," nikasema. "Mvua zijazo, au zinazofuata. Na si trekta, shangazi. Ni mimi. Nilikiondoa kile kizingiti."

Shangazi aliweka ungo wa maharage chini. Nilitegemea matusi, na Kibena kina matusi mazuri. Lakini alichouliza kilikuwa kingine.

"Tangu lini umejua?"

"Tangu mvua za kwanza."

"Mwaka na nusu," akasema taratibu. "Mwaka na nusu sijashiriki Meza ya Bwana."

Sikuelewa. Binti yake alielewa, akashika kichwa.

"Nimemnunia yule mtu," shangazi akaendelea. "Ananisalimia, nageuka. Kanisani watu wakienda mezani, mimi nabaki kwenye benchi, maana nitasogeaje na chuki moyoni? Wanadhani naumwa miguu. Mchungaji ameniombea miguu! Nawe ulikuwa umekaa benchi hilo hilo, kando yangu, ukijua."

Kweli nilikuwa nimekaa kando yake. Na mimi pia nilidhani ni miguu.

Alijifunga kitenge. "Inuka. Twende."

Tulipanda mlimani, yeye mbele na miguu yake mizima kabisa, mimi nyuma kama mbuzi anayepelekwa mnadani. Mashine ilikuwa ikinguruma. Mwenye mashine alipotuona aliizima, akafuta vumbi la mbao usoni.

"Karibuni, mama. Leo kuna nini?"

"Huyu ana neno," shangazi akasema, akakaa juu ya gogo.

Nililisema. Lilikuwa fupi kuliko nilivyotarajia. Yule bwana alisikiliza hadi mwisho, akavua kofia, akaivaa tena.

"Kwa hiyo si trekta langu?"

"Si trekta lako."

"Profesa!" alipaza sauti. "Mimi nimebeba mzigo wako! Nilijua mama hanisalimii kwa sababu ya trekta, nikaona ana haki. Nikaleta mabanzi alfajiri asinione. Mabanzi mazuri kabisa, ya kuuza!"

"Kumbe ni wewe?" shangazi akauliza.

"Ni mimi, mama."

Shangazi akaanza kucheka, akacheka mpaka akashika mbavu, naye yule bwana akacheka. Mimi sikujua kama naruhusiwa. Kisha shangazi akasimama, akampa mkono wa kulia akiushikilia kwa wa kushoto, wakasemezana maneno ambayo niliona si yangu kuyasikiliza, nikaenda kutazama marundo ya mbao.

Jumapili ile shangazi alisogea mezani. Jumatano pikapu ilirudi, ikachukua kitanda, masufuria na kuku sita. Hakuniaga kwa hasira wala kwa machozi. Alinipa funguo za nyumba na kusema nisithubutu kulima mle ndani.

Korongo lilifika jikoni Januari iliyofuata. Sikuliona likifika. Nilitazama tu asubuhi moja ng'ambo ya bonde na mstari wa paa la jiko haukuwepo. Nilikwenda Makambako kumwambia, maana lilikuwa jambo la kusema uso kwa uso.

Nilimkuta kwenye chumba cha nyuma ya duka, malori yakitikisa dirisha, na akina mama watatu wa kanisa lake jipya wamekuja kumsalimu. Nilimpa habari kwa Kibena, kwa kifupi. Akatikisa kichwa mara moja. Mmoja wa wale akina mama akauliza mgeni ni nani.

"Huyu ni mtoto wa kaka yangu," shangazi akajibu kwa Kiswahili. "Ndiye aliyenifanya nihamie mjini."

"Ooh! Mungu akubariki, baba," yule mama akaniambia, akinishika mkono. "Wengine huwaacha wazee wao peke yao huko mashambani."

Nilimtazama shangazi. Alikuwa akimimina chai, uso wake mkavu kama ubao. Nikasubiri aseme.

"Mama," nikaanza, "si hivyo. Mimi ndiye niliyebomoa—"

"Kunywa chai," shangazi akanikatiza. "Haya ni mambo yetu ya nyumbani."

Nikanywa. Wakaimba wimbo mmoja, wakaomba, na katika kuomba wakanitaja. Saa kumi shangazi alinisindikiza hadi barabarani. Tulisimama kando ya malori ya mbao tukingoja basi, na kwa sababu ya kelele hatukuweza kuzungumza. Basi lilipofika alinipa kifuko cha maharage yaliyochambuliwa, akasema kitu ambacho sikukisikia. Nikamwomba arudie. Akapunga mkono, kwamba nipande, nitachelewa.