Mkoba Usitoke Msumarini

Usiku ule wa arobaini ya mama yangu nililala na khanga niliyoshinda nayo, maana wageni waliniacha hoi. Kando yangu alilala mwanangu Zuhura, wa miaka mitatu, anayepumulia mrija uliopitishwa kwenye tundu la shingoni. Mtoto wa hivyo hana sauti. Pumzi inaishia shingoni, haifiki kinywani; akilia unaona machozi tu. Ndiyo maana mimi na mama tulifundishwa pamoja wodini, mmoja akilala mwenzake awe macho. Sasa mama hayupo, zamu zote zimebaki kwangu.

Mie si mtu wa ndoto, mnaonijua mnajua. Lakini nilimwona.

Alikuwa jikoni akichemsha maji ya kusafishia mirija, kama asubuhi zote za uhai wake. Nikamwambia, "Mama, si tumekuzika?" Mara jiko si jiko tena, ni wodi ile, vitanda vitupu, na mama anapita kitanda hadi kitanda akipapasa ukuta. Kila ukuta una msumari, na kila msumari ni mtupu. Nataka kumuuliza anatafuta nini, lakini najua, na aibu inanichoma mpaka masikioni.

Anatafuta mkoba wa Zuhura. Ndani yake mna mrija wa akiba, mwingine mwembamba kidogo, na mkasi wa kukatia kamba za shingoni. Tangu tutoke hospitali ulikaa msumarini juu ya kitanda, na mama alikuwa akiufuta vumbi palepale, hataki utoke hata dakika moja.

"Wageni walikuwa wanauliza-uliza, mama," nasema. "Mkasi wa nini, mipira ya nini, mtoto kafanywaje. Nikaona niusitiri kwanza, mpaka waondoke."

Maji yanachemka mahali fulani, siyaoni.

Hapo nikasikia: "Mama!" Sauti nyembamba, safi, ya mtoto. "Mama! Mama!" Loo, nilivyofurahi! Nacheka, nalia, napiga kigelegele. "Umesikia, mama? Mjukuu wako ana sauti!"

Mama hacheki. Anakuja karibu, ananukia kafuri tuliyomtia siku ya maziko. Anashika pindo la khanga yangu, analivuta, analivuta mpaka kiuno kinauma.

"Zuhura hana sauti, mwanangu. Anayekuita nani?"

Nikaamka.

Chumba kilikuwa kimya. Ule mkoromo wa mrija ninaoulalia kila siku haukuwapo. Zuhura alikuwa amekaa, macho yamemtoka, midomo imemgeuka rangi, ameshika pindo la khanga yangu analivuta.

Yarabi! Niliwasha mashine ya kunyonyea makohozi, mpira wake ukagoma kuingia. Mrija umeziba kabisa. Mkono ukaenda ukutani wenyewe, ukakuta msumari. Mkoba ulikuwa sebuleni, kwenye kabati la vikombe vya wageni, nimelifunga mwenyewe kwa mikono yangu, na ufunguo nimeufunga fundo kwenye pindo lilelile. Fundo nililifungua kwa meno huku nakimbia, nikafungua kabati, nikarudi na mkoba.

Nilikata kamba, nikachomoa mrija, nikaingiza mpya. Kikatoka kikohozi, kisha pumzi, kisha pumzi nyingine. Nilikaa sakafuni na mtoto kifuani nikalia kwa sauti kubwa, mpaka shangazi aliyelala chumba cha pili akaja mbio.

Asubuhi akaukuta mkoba umening'inia msumarini. "We mwanangu, wageni wa leo si watauona?"

"Wauone, shangazi. Wakiuliza nitawaambia."

Pindoni sifungi tena kitu, hata shilingi. Kila tukilala namshikisha Zuhura pindo hilo, namwambia, "Ukitaka kuniita, vuta."