Pini Mdomoni mwa Fundi

Kwa miaka kumi na tisa Fundi alishona mavazi ya waigizaji wa kituo cha televisheni, na muda wote huo mdomo wake ulijaa pini. Ndivyo Diwani alivyofundishwa. Mbwa huyo alijileta mwenyewe angali mdogo, akalala kwenye kapu la vipande vya vitambaa, na kwa kuwa Fundi hakuweza kusema bila kujichoma, alimwelekeza kwa mikono: kidole chini, kaa; kiganja juu, simama; bega likiguswa, jifanye umekufa. Jina alipewa na waliomwona ameketi kifua mbele kama anayesubiri posho ya kikao.

Mwongozaji alipomtia kwenye mchezo wa vichekesho wa kila wiki, Diwani alipata umaarufu kuwashinda binadamu. Fundi alisimama nyuma ya kamera akitoa ishara. Mbele ya kamera alikuwa Baba Mkwe, mwigizaji aliyeitwa hivyo hata sokoni.

"Dada yangu, nifundishe na mimi," alimbembeleza. "Nasema naye, yeye anakutazama wewe. Mke wangu ananicheka: hata mbwa hakusikilizi!"

Fundi alicheka, akamfundisha ishara zote nane. Wiki hiyohiyo Baba Mkwe alimletea karatasi. Fundi alikuwa amesahau miwani nyumbani.

"Ya chanjo tu, dada. Weka sahihi hapa."

Kumbe kwa sahihi hiyo Fundi alikuwa amekipa kituo mbwa wake. Mwezi uliofuata mlinzi alimzuia mlangoni mwa studio: mahali pake ni chumba cha cherehani. Kikulacho ki nguoni mwako, na nguo yenyewe alikuwa ameishona yeye.

Lakini Diwani akaanza kukonda. Ishara zote nane alizitii. Kamera zikizimwa, alibaki ameketi wima, bakuli hata halitazami. Siku ya tano Mwongozaji alichoka.

"Mwiteni Fundi. Kama ameshindikana, amchukue aende naye. Nani atacheka akiona mbavu?"

Fundi alipofikishiwa maneno hayo alikuja mbio, pini mdomoni, kapu la vitambaa mkononi. Alipiga magoti, na ili apate kumwita, akazitoa pini. Papo hapo Diwani alishusha pumzi, akalegea mwili mzima, akaliendea bakuli. Miaka yote hiyo, pini zikitoka mdomoni ndipo kazi imekwisha. Ilikuwa ishara ya tisa, na Fundi mwenyewe hakujua kwamba anayo.

"Ala! Kumbe ni hilo tu?" Baba Mkwe alisema. "Hebu."

Alishusha kidole. Diwani aliacha chakula, akaketi wima. Kisha Baba Mkwe akapeleka vidole midomoni, akavivuta kama anayetoa uzi kwenye meno. Diwani akalegea, akarudi kula, bila kumtupia Fundi hata jicho.

"Huyo ni wangu," Fundi alisema. "Umesema nimchukue."

"Nilisema kama ameshindikana," Mwongozaji alijibu. "Sasa si anakula? Umetuokoa, dada. Rudi tu kazini."

Fundi alizirudisha pini mdomoni, moja moja, akabeba kapu lake bila mbwa.

Siku hizi pini huzichomeka kwenye kimto kidogo alichokifunga mkononi. Mdomo uko wazi kutwa nzima, na hasemi na mtu.