Mshonaji Aliyeona Aibu Kumshtaki Msajili

Umewahi kuona aibu kudai kitu ambacho ni chako? Shangazi yangu aliona, na aibu hiyo nusura impokonye kiwanja.

Shangazi ni fundi cherehani. Mtaani wanamwita Mama Pindo. Alinunua kiwanja kwa mzee jirani, wakatia saini mbele ya wakili, kisha akapeleka nyaraka ofisi ya ardhi ili jina la mzee lifutwe na lake liandikwe. Akajenga kiwanjani chumba cha kushonea. Kule ofisini wakawa wanamwambia njoo kesho. Faili limepanda juu. Faili limeshuka. Mwenye funguo za kabati yuko likizo. Mzee akafariki, na mwanawe akaanza kuleta wanunuzi. Walikuwa wanakipima kiwanja kwa hatua huku shangazi anashona.

"Wewe endelea tu na kazi yako, mama," yule kijana alimwambia. "Hati bado ina jina la baba."

Mimi nimesoma sheria, na damu yangu huchemka upesi. Nikamwambia twende mahakamani kumshtaki msajili wa hati, mkuu wa ofisi ile ya ardhi.

"Mtu mzima mimi, nikapandishane kizimbani na mkubwa wa watu?"

"Hatuombi afungwe, shangazi. Tunaomba mahakama imwamuru afanye kazi yake. Asajili, au aseme kwa maandishi kwa nini anakataa."

"Kumbe hata hilo linaombwa?"

Wakili wa ofisi ya msaada wa kisheria, ninakojitolea, alimwandikia msajili kwanza. Kimya. Tukafungua maombi, na mimi na shangazi tukaenda na tarishi wa mahakama kumpelekea wito.

Msajili alitoka mwenyewe hadi kaunta. Akausoma, akamtazama shangazi juu ya miwani.

"Fundi, wewe ndiye unanishtaki kwa kuchelewesha?" alisema, sauti ikafika hadi mlangoni. "Na koti langu je?"

Foleni nzima ikacheka. Mama mmoja akadakia, "Mwulize na gauni langu. Nililipata harusi imekwisha, bibi harusi ana mimba."

Shangazi akainamisha kichwa. Ilikuwa kweli. Mafundi wa mtaani kwetu hupokea kitambaa cha kila anayekuja, wakakikata upesi ili mteja asihame, halafu ndiyo zinaanza kesho zisizokwisha. Koti la msajili lilikuwa bado linaning'inia ukutani kwa shangazi, halina mikono.

"Nitasimama na uso gani mbele ya jaji?" aliniuliza njiani.

"Koti si hati," nikafoka. "Mteja wako akichoka, anachukua kitambaa chake anakwenda kwa fundi mwingine. Wewe hati yako utaipeleka kwa nani? Msajili hana mwenzake. Ndiyo maana sheria inambana."

"Wewe umesoma, mwanangu. Mimi nimechelewesha."

Siku moja kabla ya kesi nilimkuta anapiga pasi lile koti, mikono imeshonwa, vifungo vyote vipo. Jioni akalibeba hadi nyumbani kwa msajili, nami nyuma yake nikinung'unika. Msajili alilijaribu pale pale mlangoni. Likamkaa sawasawa.

"Basi tumemalizana, mama. Kesho mwambie jaji umeondoa kesi. Faili lako nitaliangalia."

"Utaliangalia lini, baba?"

"Tutaona."

Shangazi akaaga. Nilipomwuliza kama kweli ataiondoa, alisema tu, "Niache."

Asubuhi yake mabenchi ya mahakama yalijaa. Wakili wa serikali alikuwa anamweleza jaji kwamba wamekwisha kuelewana nje, na kwamba maombi yataondolewa, ndipo msajili akaingia, amechelewa. Shangazi akainuka, akampisha akae. Msajili akakaa. Nilitamani kujificha chini ya benchi.

"Mama, mbona umesimama?" jaji akauliza. "Wewe ni nani katika shauri hili?"

"Mimi ndiye niliyeleta maombi, mheshimiwa."

"Unayaondoa?"

Shangazi aliikunja ncha ya mtandio wake, akaikunjua, akaikunja tena. Hakuinua macho.

"Nilichomcheleweshea mimi, nilimpa jana. Naona aibu kusema mbele za watu, mheshimiwa. Lakini siondoi."

Jaji akamtaka msajili aeleze kwa nini hajasajili. Msajili akasimama, akataja faili, kabati, likizo. Jaji akaamuru jina la shangazi liandikwe kabla ya mwezi kwisha, na msajili arudi kuthibitisha kwamba ametii. Muda wote huo nafasi aliyoiacha msajili benchini ilikuwa wazi, na shangazi hakukaa.